Siku 100 za kujifunza kurudi: shajara ya fundi mageti, Morogoro

Siku ya 0

Mradi umeanza kwa namba, 168 kwa 106. Nilienda duka la dawa kununua vidonge vya kichwa, kisogo kilikuwa kinagonga siku ya nne mfululizo na mi nikajua ni moshi wa welding tu, dada wa dukani akaniangalia usoni akasema kaka hebu kaa hapo kwanza, akanivalisha ule mkanda wa presha, ukajaa ukashuka, akanivalisha tena mkono wa pili, akanyamaza. Ukiona muuza dawa amenyamaza ujue mambo sio. Akaniandikia namba kwenye kipande cha boksi akasema usipitie nyumbani, nenda moja kwa moja kituo cha afya.

Kule wakanikalisha dakika 5, miguu chini, mgongo nimeegemea, hamna kuongea, wakapima ikasoma 162 kwa 104. Kumbe presha inapimwa kwa adabu, sio umetoka kugombana na bodaboda unanyoosha mkono. Dokta mwenyewe kijana mdogo, akaniuliza "Mzee wangu, unaishije?" Nina miaka 43, hiyo mzee iliniuma kuliko ile 162.

Ila swali likanifungua, nikamwaga yote. Nachomelea mageti na grili, mwaka jana nilipata kazi kubwa ya nyumba nzima, nikakopa kununua skwea paipu na bati, kazi ikaisha, mwenye nyumba akapotea na 1,850,000 yangu, nikakopa tena kulipa nilichokopa, hapo ndo nikaingia kausha damu. Kwa asiyeijua, unapewa 300,000 leo, kuanzia kesho unarudisha 12,000 kila siku kwa siku 30, ukikosa siku moja wanakuja na pikipiki mbili wanakaa mlangoni kwako wateja wanawaona. Nilikuwa na tatu kwa mpigo. Usingizi masaa manne, enaji tatu kwa siku ili mkono usitetemeke na rodi, na mkono unatetemeka kwa sababu ya enaji.

Akaniandikia amlodipini 5 mg, kimoja kila siku, akasema hiki kitashusha presha ila madeni hakitakulipia, kwa hiyo utembee, ulale, upunguze chumvi, na baada ya wiki mbili nikuone.

Nimetoka pale nimeamua najenga upya hii bodi pamoja na kichwa chake. Siku 100. Naandika kila kitu, hata ya aibu.

Siku ya 1

Ratiba nimeibandika kwenye mlango wa kontena la kazini. Kuamka saa 10 usiku. Kuoga maji ya pipa lililolala nje. Kunyanyua vyuma vya zege (makopo mawili ya rangi nimejaza zege, nondo katikati, kila kijiwe cha mazoezi kinavyo). Kupanda Morningside kila siku kabla ya kazi. Kula mara moja tu. Kutolalamika.

Mama watoto kaisoma akauliza, "Baba, hii ni ya mtu mwenye presha au ya mtu anayeenda jeshini?" Nikamwambia ataona.

Siku ya 3

Maji ya pipa saa 10 usiku, aisee. Morogoro sio Njombe lakini moyo uliruka kama nimeshika waya. Nikajisikia mwanaume.

Siku ya 6

Morningside kwa wasiopajua ni ile nyumba ya zamani ya Wajerumani huko juu Uluguru, ukiwa mjini unainua shingo unaona mlima, unapanda na kijinjia cha miguu kupita mashamba ya migomba na maharage, mito midogo inakatiza. Mjini tuko kama mita 500 juu ya usawa wa bahari na juu kule inapita 1,200, kwa hiyo unapanda kama mita 700 na zaidi. Sijafika bado. Nimefika nusu, nimekaa kwenye jiwe naona nyota mchana. Kushuka ndo kubaya zaidi, goti la kushoto linapiga kelele kama bawaba isiyo na grisi.

Kazini nimechomelea grili moja tu siku nzima. Nimemfokea dogo wangu wa kazini kwa sababu ya diski ya grainda ya 3,500.

Siku ya 9

Sijaenda. Nimeamka saa 2 asubuhi.

Siku ya 11

Leo lazima niandike vizuri kidogo.

Nimepanda kwa hasira, nilitaka kulipa zile siku mbili nilizolala. Naenda mbio, nasimama nimejishika magoti, naenda tena mbio. Kila nikisimama ananipita bibi mmoja anayerudi kwao juu, miaka 70 kama sio zaidi, kichwani ana ndoo na kiroba, miguuni kandambili. Nakimbia nampita, nasimama, ananipita. Mara ya tatu nikaona aibu nikamsalimia, "Shikamoo bibi." "Marahaba mwanangu. Unafukuzwa na nani?" Nikacheka, nikasema nafanya mazoezi bibi, nina presha. Akasema, "Unapanda kama umefukuzwa na unapumzika kama umekamatwa."

Nikaamua kwenda nyuma yake. Nilichokiona: yule bibi anapumzika kabla hajachoka. Kuna sehemu zake, jiwe moja, kona yenye mwembe, kijito, akifika anatua mzigo hata kama pumzi anayo, anakaa, ananawa uso, anaongea na wanaopita, dakika tatu nne, anajitwisha anaondoka na hatua zile zile alizoanza nazo chini. Hasimami sehemu nyingine yoyote. Nikamuuliza kwanini anapumzika na hajachoka, akanitazama kama mtoto mjinga, akasema, "Nikisubiri nichoke nitashindwa kujitwisha, nani atanitwisha?"

Kwa mara ya kwanza nimefika Morningside. Nyuma ya bibi mwenye ndoo.

Siku ya 12

Nimebandua ratiba. Usiku mzima nilikuwa nawaza kwamba nimekosea kitu cha kupima. Nilikuwa napima nabeba kiasi gani, na kubeba sio shida yangu, mi kubeba nimebeba mwaka mzima, nimebeba mpaka mishipa imetaka kupasuka. Shida yangu ni kwamba sirudi. Mtu wa kausha damu akinitukana Jumatatu, Alhamisi bado niko naye kichwani, namjibu nikiwa bafuni.

Kwa hiyo kuanzia leo daftari lina safu mbili tu. Ya kwanza ni mwili, nikifika juu nahesabu mapigo ya shingoni sekunde 15 mara 4, nakaa dakika moja, nahesabu tena, naandika yameshuka mangapi. Ya pili ni kichwa, nikipata mshtuko au ugomvi naandika saa uliyotokea na saa niliyoweza tena kula au kufanya kazi bila kuuwaza. Nimeiita dakika za kurudi.

Mapigo ya leo: juu 164, baada ya dakika moja 153. Yameshuka 11.

Siku ya 15

Kliniki, 150 kwa 96. Dokta kafurahi kidogo mpaka nilipomwambia kuhusu maji ya pipa na vyuma vya zege. Akaweka kalamu chini. Kumbe maji ya baridi ya ghafla yanabana mishipa na kupandisha presha palepale, na kunyanyua chuma kizito huku umebana pumzi ni hivyo hivyo, kwa mtu mwenye namba zangu ni kucheza na kiberiti karibu na mtungi. Kasema vyuma nitarudi presha ikishatulia, nianze na vyepesi, na nisibane pumzi. Pipa nimempa mama watoto aweke maji ya kufulia.

Nikamuonyesha ile safu ya mapigo. Hiyo aliipenda. Akasema moyo ukishuka chini ya 12 ndani ya dakika ya kwanza baada ya kusimama sio dalili nzuri, na mi wangu ndo huo 11. Ila unafundishika. Akanielekeza nitembee kwa mwendo ambao naweza kuongea sentensi nzima bila kuhema, nikishindwa kuongea nipunguze, jumla walau dakika 150 kwa wiki. Yaani mwendo wa bibi.

Akanifundisha na kupumua. Ingiza kwa pua kuhesabu 4, toa taratibu kuhesabu 6, hapo unapata pumzi 6 kwa dakika, fanya dakika 5. Nikaona utoto, nikamuuliza pumzi inashushaje deni. Akasema hapana, deni liko palepale, ila kuna neva inaitwa vagasi inatoka kwenye ubongo inateremka mpaka kwenye moyo, ukitoa pumzi ndefu inauambia moyo punguza mwendo. Adrenalini inakuja yenyewe bila kuitwa, breki ndo ya kuikanyaga kwa makusudi. Breki naelewa.

Siku ya 20

Jana usiku nilifanya kitu nilichokuwa nakikwepa tangu mwaka jana, nimeandika madeni yote kwenye karatasi moja mbele ya mke wangu. Kausha damu wa kwanza 650,000. Wa pili 480,000. Wa tatu 900,000, huyu ndo yule wa kwenye simu, wale ukichelewa wanatuma meseji kwa kila mtu uliyemsevu, mpaka mwalimu wa mwanangu alitumiwa kwamba mi ni tapeli. Kikoba cha mama watoto 400,000, hiyo alikuwa hajui nimekopa kwa jina lake, akanyamaza muda mrefu sana. Duka la vyuma 310,000. Jumla 2,740,000.

Kichwani mwangu yalikuwa kama milioni sita. Sijui ile nyingine niliitoa wapi.

Mke wangu alilia, akanisema mpaka saa 6 usiku, nilistahili. Asubuhi akachukua ile karatasi akaikunja akaiweka kwenye kibubu chake, akasema kuanzia leo karatasi inakaa kwake na mimi hata nikitaka kuwaza nimuombe kwanza. Alikuwa anatania nusu. Mi nimeifanya kweli, saa 12 jioni nikitoka kazini tunakaa nusu saa, karatasi inatoka, tunawaza kwa pamoja nani alipwe na nani apigiwe simu, nusu saa ikiisha inarudi kibubuni. Wazo la deni likija saa 4 asubuhi naliambia subiri saa 12. Mara nyingi halisubiri. Siku nyingine linasubiri, na likifika saa 12 limepoa.

Dakika za kurudi baada ya ugomvi wa jana: masaa 14.

Siku ya 24

Enaji nimefika moja, naimaliza kabla ya saa 6 mchana. Siku tatu za kwanza kichwa kiliuma nikataka kufa. Simu inazimwa saa 3 usiku inalala jikoni. Chumvi ndo mtihani, dokta alisema kwa siku nzima isizidi kijiko kimoja cha chai, kwa vyakula vyote kwa pamoja, na mi dagaa mmoja mkavu wa mezani kwangu anaijua chumvi kuliko bahari.

Siku ya 31

Wamekuja. Pikipiki mbili, watu watatu, saa 5 asubuhi, nina mteja anaangalia geti. Yule mrefu akakaa juu ya mashine ya kuchomelea kama stuli. Nikasikia moto unapanda kutoka tumboni, masikio yakaziba, mkononi nina nyundo.

Nikaiweka nyundo chini. Nikahesabu 4, nikatoa 6, mara tatu hivi, yule jamaa akaniuliza mbona unapuliza kama nyoka. Nikasema bro, nina presha, dokta kaniambia nikikasirika nafia hapa hapa na utanizika wewe. Akashuka kwenye mashine. Tukaongea. Nikampa 20,000 niliyokuwa nayo, nikamuonyesha picha ya ile karatasi kwenye simu, wa kwanza ni nani, wa pili ni nani, lini zamu yao. Sio kwamba alinionea huruma, ila nadhani wamezoea watu wanaokimbia au wanaopiga kelele, mtu mwenye karatasi hawajui wamfanyeje.

Wakaondoka. Mikono ilitetemeka dakika kama kumi na tano, sikuweza kushika rodi, nikatembea mpaka mtoni nikarudi. Saa 6 na nusu nachomelea. Nimeandika: dakika 90. Mara ya mwisho walipokuja, kabla ya mradi, nilikaa siku tatu sijala chakula cha maana.

Siku ya 38

Limeletwa puli la mashine ya kusaga, kasti (chuma cha kumimina), limepasuka ufa kutoka kwenye shimo la shafti. Kazi ya kasti kila fundi anaikimbia kwa sababu haina haraka. Unaipasha moto kwanza yote taratibu, unachomelea kipande kifupi sentimita mbili tatu, unaacha, unagongagonga kidogo kidogo na nyundo wakati bado ina moto, unasubiri, unachomelea kingine upande wa pili. Ukimaliza unaifukia kwenye majivu mpaka kesho yake, ipoe yenyewe. Nilipokuwa mwanafunzi niliwahi kumaliza kasti ya mtu vizuri kabisa, nikaona fundi hayupo nikaimwagia maji ili mteja achukue. Ikalia ta! Ufa mpya, pembeni ya ule niliouziba. Fundi aliporudi hakunipiga, alinipa vipande viwili nimpelekee mteja mwenyewe.

Leo dogo kauliza kwanini tunalifukia. Nimemwambia kesho utaona. Mapigo leo: juu 158, baada ya dakika 141. Yameshuka 17.

Siku ya 44

Kwenye kahawa jioni kulikuwa na ubishi wa mpira ukaishia kwenye riadha, mzee mmoja akaanza habari za John Stephen Akhwari, Mexico City 1968, kila mtu pale anaijua, alianguka goti likaumia, akafungwa bandeji, akaingia uwanjani giza limeshaingia, wa mwisho katika 57 waliomaliza, zaidi ya saa nzima baada ya Mamo Wolde wa Ethiopia aliyeshinda. Na mji wenyewe uko juu zaidi ya mita 2,200, hewa nyepesi. Watu wakatikisa vichwa, uvumilivu, uvumilivu.

Mzee akasema nyie mnapenda goti tu. Mwaka 1970 huyo huyo alienda Edinburgh kwenye Jumuiya ya Madola, marathoni hiyo hiyo, akamaliza wa tano, saa 2 na dakika 15. Miaka miwili baada ya goti. Mbona hiyo hamuisimulii?

Kweli kabisa, mi nilikuwa sijawahi kuisikia. Nimerudi nyumbani nawaza hiyo miaka miwili, asubuhi ngapi huko kwao Mbulu aliamka akalipima goti kama linakubali, hamna kamera hamna mtu. Picha ya bandeji tunayo. Ya hiyo miwili hatuna.

Siku ya 52

Ramadhani imeanza. Nimeuliza kliniki mapema, maana nina mjomba aliacha dawa kabisa kwa sababu ya funga akaishia kupooza mkono. Wamesema kidonge changu ni kimoja kwa siku kwa hiyo nimeze wakati wa daku, maji ya kutosha usiku, na nikisikia kizunguzungu nifungue bila ubishi. Mlima nimehamishia Jumapili tu, siku nyingine natembea nusu saa kabla ya futari, mwendo wa kuongea. Mwezi huu huwa nakuwa mkali kazini, mafundi wote tunakuwa wakali saa 9 alasiri. Naandika tu.

Siku ya 61

Wameiba. Wametoboa kontena kwa juu, wamechukua grainda zote mbili, kebo za mashine mita kama kumi, na drili. Mvua kubwa ilinyesha usiku mzima ndo maana hata mlinzi wa jirani hakusikia, au anasema hakusikia.

Siku ya 62

Sijatembea. Sijafanya ile nusu saa ya karatasi. Nimevuta sigara, niliacha miaka sita iliyopita. Futari nimekula ugomvi.

Siku ya 63

Hivyo hivyo. Nimekunywa enaji saa 4 usiku nikakaa macho mpaka daku nikipanga kumkamata mwizi ambaye hata simjui.

Siku ya 64

Dogo alikuja nyumbani. Kasimama mlangoni hakai, akasema "Bosi, nimeongea na fundi wa pale kona, anatuazima grainda moja mpaka Jumamosi, mi nimeshakata zile flati ba." Alikata bila kuulizwa, na vipimo sawa. Nikavaa viatu.

Kwenye daftari nimeandika: siku tatu. Nilitaka kuandika moja, nikaona nitakuwa najidanganya mwenyewe kwenye daftari langu mwenyewe. Ilinikera, nilidhani nimeshakuwa mtu mwingine. Lakini nikifungua nyuma siku ya 31 naona lile lilikuwa tusi, hili ni vitu vya 700,000 na zaidi katikati ya madeni na funga, vipimo vyake sio sawa. Nafikiri pia kuna kitu nilikosea: usiku wa wizi nilikataa kulala na siku ya pili nikakataa kuongea. Nilitoka kwenye njia kabla ya kufika kwenye jiwe la kupumzikia.

Siku ya 67

Binti yangu yuko kidato cha sita, kanisomea habari ya utafiti wa kisiwa cha Kauai kule Hawaii. Mama mmoja mtafiti anaitwa Emmy Werner na wenzake walifuatilia watoto 698 waliozaliwa kisiwani mwaka 1955, mpaka wakawa watu wazima. Wale waliokulia kwenye shida kubwa, umaskini, ulevi nyumbani, ugomvi, kama theluthi moja yao walikua vizuri tu, na kitu kilichojirudia kwao ni kwamba alikuwepo angalau mtu mzima mmoja wa uhakika, bibi, mjomba, mwalimu, sio lazima mzazi. Binti akaniuliza wa kwako alikuwa nani. Nikamwambia yule fundi aliyenipa vipande viwili vya kasti, alinitembeza kwa mteja lakini alikuja nyuma yangu, alisimama ng'ambo ya barabara mpaka nikamaliza kutukanwa, afu akanipeleka kula.

Sikumwambia kwamba mwezi huu wa kwangu ni dogo mwenye miaka 20.

Siku ya 76

Kliniki, 138 kwa 88. Dokta kasema vizuri ila usiache kidonge. Miguu inavimba kidogo kwenye vifundo jioni, kasema dawa hii ina hiyo tabia, tutaiangalia. Nikamuuliza kilichoshusha ni kidonge au mlima. Akasema na chumvi na usingizi na mke wako, mi siwezi kukugawia kila mmoja asilimia zake. Jibu zuri, ingawa nilitaka mlima ushinde.

Sigara mbili tangu siku ya 62. Ya pili niliizima nusu.

Siku ya 84

Idi imepita, kilo zangu nadhani zimerudi zote kwa siku tatu za pilau. Mvua za masika zinapiga, njia ya mlimani inateleza kama sabuni, nimekata fimbo ya mti, kushuka napiga hatua fupi goti nimelilegeza kidogo, halisemi tena. Vyuma nimeanza vile vyepesi, kopo dogo la rangi la lita moja, dogo ananicheka.

Siku ya 90

Nimekutana na jamaa wa 1,850,000. Sokoni, kwenye nyanya, ana mfuko mkononi kama mtu wa kawaida. Mwaka mzima nimefanya mazoezi ya maneno ya kumwambia, ningeweza kuhutubia soko zima. Nikasema tu, "Kaka habari za siku, geti langu linafunguka vizuri?" Akashika nyanya moja akaibonyeza mpaka ikapasuka. Akaanza kueleza, nikamwambia sihitaji maelezo, nahitaji tarehe na serikali ya mtaa tuandikishane. Ameahidi 200,000 kwa mwezi, tumeandikishana leo saa 8 mchana, mashahidi wawili. Atalipa hatalipa sijui, ametoa 150,000 ya kwanza kwa simu palepale.

Dakika za kurudi: 25. Na humo nimehesabu muda wa kuchagua nyanya zangu.

Siku ya 97

Kausha damu wa kwanza ameisha, wa pili ameisha jana. Yule wa kwenye simu nimemlipa nikafuta na programu yenyewe. Limebaki duka la vyuma 110,000 na kikoba 400,000, kikoba mke wangu amesema tumalizie na chake kwa sababu yeye ndo anaonekana mbaya kwa wenzake. Grainda moja nimenunua, ya mtumba.

Siku ya 100

Nimepanda na mama watoto na dogo. Saa 11 alfajiri tumeondoka, ukungu umekaa chini mji hauonekani, taa chache tu. Mke wangu alitangulia, alipumzika pale kwenye mwembe bila kuambiwa na mtu.

Bibi tumekutana naye kwenye kijito anashuka na mkungu wa ndizi. Kanitambua kwa fimbo. "Mwanangu wa presha!" Akatua, tukamsaidia kutua, akamuuliza mke wangu kama nyumbani pia nakimbia hovyo, wakacheka wenyewe huko. Tumenunua vichana viwili, dogo kala ndizi tano sita kabla hatujafika juu. Tulipotaka kumtwisha mzigo akakataa, akasema ngojeni kwanza, bado sijakaa.

Tukakaa naye.

Mapigo: juu 149, baada ya dakika moja 125. Yameshuka 24. Presha kliniki ni Jumatano. Ijumaa 50,000 ya duka la vyuma. Daftari lina kurasa 30 zimebaki, dogo kaomba aanze na yeye safu yake.